Filamu 35, Zimebaki Tatu: Kwa Nini Sinema Nyingine Hupotea Kabisa

Tuanze na hesabu ndogo. Kati ya mwaka 1935 na 1937, mradi mmoja wenye makao yake Vugiri, kwenye milima ya Usambara, ulitengeneza filamu 35 kwa ajili ya Waafrika wa makoloni ya Uingereza ya upande huu. Leo zinazojulikana kubaki ni tatu. Hizo tatu haziko Korogwe, haziko Dar es Salaam, wala huku kwetu Tabora hazipo. Zimehifadhiwa Uingereza, kwenye Taasisi ya Filamu ya nchi hiyo. Toa tatu kwenye 35, unabaki na 32 ambazo hakuna anayeweza kukuonyesha.

Na hizi hazikuwa sinema za mapenzi wala za kupigana. Zilikuwa filamu za kufundishia. Sisi tunaosomea ualimu tunakaa darasani tukijadili zana za kufundishia: ubao, chati, redio, projekta, kompyuta. Tunazungumza kana kwamba picha za kutembea zimeingia kwenye elimu yetu jana. Kumbe miaka tisini iliyopita kuna watu walikuwa wanazunguka na projekta vijijini, wakijaribu kujua kama sinema inaweza kumfundisha mkulima kilimo bora au mama namna ya kumkinga mtoto na malaria. Jaribio lilifanyika hapa hapa nchini. Tukitaka leo kulikagua kwa macho yetu, karibu lote halipo.

Swali la makala hii ni hili: filamu hupoteaje? Kwa nini moja inabaki na nyingine inafutika hata kwenye vichwa vya watu? Na sisi tulio kwenye njia ya zamani ya misafara, kuanzia Bagamoyo kupita Tabora hadi Ujiji, jambo hili linatuhusu nini?

Jibu la haraka: ziliungua

Ukimuuliza mtu anayezifahamu sinema za zamani, atakupa jibu moja upesi: moto. Na ana haki. Filamu za mwanzo, zile tunazoziita filamu bubu kwa sababu mkanda haukuwa na sauti, zilipigwa kwenye mkanda wa naitreti. Naitreti inatoa picha safi sana, lakini ni ndugu wa baruti. Ikishika moto, maji hayaizimi. Hata isiposhika moto, ikikaa vibaya inaoza, inanata, mwisho inakuwa unga.

Julai 1937, ghala la kampuni ya Fox lililokuwa Little Ferry, New Jersey, liliungua, na sehemu kubwa ya filamu bubu za kampuni hiyo ikapotea usiku mmoja. Miaka miwili baadaye Fox, ambayo kwa wakati huo ilikuwa imeungana na nyingine na kuitwa 20th Century-Fox, ilitoa filamu ya Stanley and Livingstone, inayosimulia safari ya Stanley kwenye njia yetu hii kumtafuta Livingstone. Wale wawili walikaa pamoja Kwihara, nje kidogo ya mji wa Tabora, mwaka 1872, na tembe lao lipo mpaka leo kama makumbusho. Filamu hiyo ya 1939 unaipata bila shida. Filamu za kampuni hiyo hiyo za miaka kumi au ishirini kabla yake, nyingi hazipatikani tena.

Mwaka 2013 Maktaba ya Bunge la Marekani ilichapisha utafiti kuhusu filamu ndefu zilizotengenezwa Marekani kati ya 1912 na 1929. Zilikuwa karibu 11,000. Zilizobaki zikiwa kamili, katika umbo lake la kwanza, zilikuwa asilimia 14 tu. Na hiyo ni Marekani, nchi yenye pesa na yenye Hollywood.

Lakini utafiti wa aina hiyo unaonyesha pia kwamba moto si mkosaji peke yake. Filamu nyingi ziliuawa na wenyewe. Sauti ilipoingia mwishoni mwa miaka ya 1920, filamu bubu zikageuka bidhaa iliyopitwa na wakati. Kuzitunza kulihitaji ghala, na ghala linataka kodi. Mkanda wenyewe ulikuwa na chembe za madini ya fedha ndani yake, na madini yanauzika. Kwa hiyo makampuni yakayeyusha mikanda yao yakachukua ile fedha. Wengine walitupa tu ili wapate nafasi. Hakuna aliyedhani kuna mtu atakuja kuziulizia.

Usidhani pia kwamba kuwa na sauti kulikuwa kinga. Alam Ara, filamu ya kwanza ya India kuwa na sauti, ilitoka mwaka 1931 na ikajaza watu. Ni filamu ya kihistoria kwa kila kipimo. Leo hakuna nakala yake inayojulikana. Filamu za India ndizo zilizokuja kuwa chakula cha macho cha mabibi na mababu zetu, kuanzia majumba ya pwani kama Royal Cinema Theatre iliyojengwa Unguja mwaka 1921 hadi kumbi za miji ya bara. Ya kwanza yenye kuongea katika ukoo huo mzima haipo.

Sasa rudi Vugiri

Hapa ndipo jibu la moto linapotuangusha, kwa sababu filamu za Vugiri hazikuwa za naitreti. Zilipigwa kwenye mkanda mwembamba wa milimita 16. Mkanda wa aina hiyo ulitolewa na Kodak mwaka 1923 na tangu mwanzo ulitengenezwa kwa asetati, iliyoitwa filamu ya usalama kwa sababu haiwaki hovyo. Asetati nayo ina ugonjwa wake: ikikaa kwenye joto na unyevu miaka mingi inaanza kunuka kama siki na kujikunja. Lakini ni ugonjwa wa polepole, na mwenye kujali anauona ukija. Kwa hiyo 32 za Vugiri hazikuhitaji muujiza ili zibaki. Zilihitaji mtu.

Mradi wenyewe uliitwa Bantu Educational Kinema Experiment, yaani Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Fedha kubwa zilitoka Shirika la Carnegie la New York, na nyuma yake kulikuwa na Baraza la Kimataifa la Misheni pamoja na baraka za Wizara ya Makoloni ya Uingereza. Aliyesimamia utengenezaji ni Meja L. A. Notcutt, mtu aliyewahi kusimamia mashamba ya mkonge Afrika Mashariki. Upande wa elimu ulishikwa na G. C. Latham, aliyekuwa mkurugenzi wa elimu ya Waafrika huko Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia.

Walipiga filamu kuhusu kuweka akiba benki ya posta, kuhusu kodi, mmomonyoko wa udongo, safura, malaria ya watoto, masoko ya mahindi. Kwenye ile ya akiba kuna mtu anaficha pesa zake mwenyewe, mwizi anazichukua, na mwenzake aliyeweka posta anabaki salama. Ukiitazama kwa jicho la leo, huo ni mchezo wa kuigiza wa dakika chache ambao mwalimu yeyote wa sekondari angeweza kuuandika. Waigizaji wengi walikuwa wenyeji. Filamu zilisafirishwa kwa gari na kuonyeshwa Tanganyika, Kenya, Uganda, Rhodesia ya Kaskazini na Nyasaland.

Zile tatu zilizobaki, zote za mwaka 1936, moja inahusu mafunzo ya mifugo, moja inahusu safura, na moja inahusu mashamba ya wakulima wadogo Kingolwira, Morogoro. Hiyo ya tatu inatugusa zaidi, maana Kingolwira iko kwenye ukanda ule ule ambao misafara ya wapagazi wa Kinyamwezi ilipita, na ambao baadaye reli ya kati iliufuata hadi kufika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914. Anayepanda treni ya Dar kuja huku anapita karibu na mahali palipopigwa picha hiyo. Wangapi ndani ya behewa wanajua?

Mambo manne yanayoua filamu

Kwa kesi ya Vugiri unaweza kuona vizuri mambo manne yanayoua filamu, na hakuna hata moja linalohitaji kiberiti.

La kwanza ni uchache wa nakala. Sinema ya biashara hutolewa nakala nyingi kwa sababu majumba ni mengi. Filamu ya mradi inatengenezewa nakala kidogo, zinazotosha kwa ziara. Nakala zenyewe zinapita kwenye projekta usiku baada ya usiku, kwenye vumbi, na kila mzunguko unaacha mikwaruzo. Kitu chenye nakala mbili kikipata ajali mbili kimekwisha.

La pili ni kwamba sauti ilikaa mbali na picha. Mkanda wa Vugiri wenyewe ulikuwa bubu. Maelezo yalirekodiwa pembeni kwenye santuri, kwa Kiswahili na kwa lugha nyingine kadhaa za eneo hili, halafu santuri ikachezwa sambamba na picha. Ulikuwa ubunifu wa kubana matumizi, na ulikuwa na faida: picha moja ingeweza kusema lugha nyingi. Lakini maana yake ni kwamba kazi nzima ilikuwa vipande viwili. Santuri inapasuka, inakwanguka, inasahauliwa kwenye boksi jingine. Ikipotea, mkanda unabaki bubu kweli kweli, na mtu anayeukuta miaka 40 baadaye haelewi ni nini anatazama. Kisichoeleweka hutupwa kwanza.

La tatu ni kwamba mwenye mali aliondoka. Mwaka 1937 fedha za Carnegie zilikwisha na serikali za makoloni hazikukubali kuubeba mradi. Watu wakafunga vifaa, wakatawanyika. Mradi ukifungwa, hakuna karani ambaye kazi yake ni kuhakikisha makopo yako kwenye rafu. Wanafunzi wenzangu mliowahi kuwa viongozi wa klabu mnalijua hili. Uongozi ukibadilika, uliza liko wapi daftari la kumbukumbu za vikao vya miaka mitatu iliyopita. Hakuna aliyeliiba. Halikuwa mikononi mwa mtu, basi.

La nne, na kwangu ndilo kubwa, ni kwamba zilihesabiwa kuwa chombo. Filamu ya safura ilitengenezwa ili watu wachimbe vyoo. Wakishachimba, au wakikataa kuchimba, filamu imemaliza kazi. Tunavyofanya na desa baada ya mtihani ndivyo walivyofanya nazo. Dunia huhifadhi kile inachokiita sanaa na kile kinachoweza kuuzwa tena. Kazi za mafunzo, matangazo, habari za wiki na sinema za afya zinaanguka katikati. Ndizo zilizojaa sura za watu wa kawaida, nguo zao, nyumba zao, namna walivyoshika jembe, na ndizo zinazotupwa mapema.

Je, zilistahili kubaki?

Najua kuna msomaji anaguna. Si zilikuwa filamu za mkoloni? Si zilimchukulia Mwafrika kama mtoto anayefundishwa kunawa mikono? Zikipotea tumepoteza nini?

Swali ni la haki. Watengenezaji wa filamu za kikoloni wa miaka ile waliamini kwamba mtazamaji wa Kiafrika hawezi kufuata hadithi inayokwenda haraka. Walisema anahitaji picha za polepole, zisizo na mbwembwe za kamera, na vitu vya karibu na maisha yake. Fikra hizo ziliendelea baada ya Vugiri, katika Kitengo cha Filamu cha Makoloni kilichoundwa mwaka 1939 na kudumu hadi 1955. Kuna dharau ndani yake, na hakuna haja ya kuipaka rangi.

Lakini angalia kilichobaki. Mwaka 1937 Notcutt na Latham walichapisha kitabu London kuhusu jaribio lao, The African and the Cinema. Kitabu kilipigwa chapa, kikaingia kwenye maktaba, na ndicho karibu kila mtafiti anachokisoma anapoandika kuhusu Vugiri. Kitabu kinaeleza filamu zilikuwaje na watazamaji walizipokeaje. Walioandika ni wale wale walioendesha mradi. Watazamaji hawakuandika kitu. Waigizaji hawakuandika kitu. Kama mkanda ungekuwepo, leo mimi na wewe tungeweza kutazama uso wa yule anayeigiza mwizi na kusema, hapana, huyu bwana anacheka, huyu anajua anachokifanya, huyu si mtoto. Tungeweza kubishana na kitabu. Bila mkanda hatuwezi.

Hiyo ndiyo hasara yenyewe. Filamu ikipotea, neno la mwisho linabaki kwa aliyeandika ripoti. Na anayependa kuuchambua ukoloni ana sababu zaidi ya kutaka ushahidi wake utunzwe kuliko anayeusifu, kwa sababu huwezi kumhoji shahidi aliyezikwa.

Kupotea huku kipo

Mpaka hapa nimesema juu ya mkanda kupotea. Kuna kupotea kwa aina nyingine, ambako pengine mkanda upo mahali fulani, ila watu hawana habari nao.

Chukua mfano wa mzee Rashidi Kawawa. Kila mwanafunzi wa Tanzania anamjua kama Waziri Mkuu wa mwaka 1962, baada ya Mwalimu Nyerere kuachia nafasi hiyo, na tena miaka ya 1970. Wana Tabora wanaongeza kwa fahari kwamba alisoma hapa. Wachache wanajua kwamba kabla ya siasa alikuwa mwigizaji. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 kampuni ya Afrika Kusini, African Film Productions, ilifanya kazi na serikali ya Tanganyika kutengeneza filamu za hadithi kwa Kiswahili, zikiwa na waigizaji wa nchini. Kawawa alikuwa nyota wa Muhogo Mchungu. Fikiria: mtu aliyekuja kuwa Waziri Mkuu wetu alikuwa sura ya sinema ya Kiswahili kabla ya uhuru.

Sasa mtafute mtu wa rika letu aliyeiona hata dakika moja ya filamu hiyo. Jina lake limebaki kama mstari kwenye wasifu wa kiongozi. Haionyeshwi sikukuu ya uhuru, haitajwi tunapojadili historia ya sanaa, haichezwi kwenye televisheni usiku wa Jumamosi. Filamu inaishi kwa kutazamwa tena. Ya Charlie Chaplin ina zaidi ya miaka mia moja na mtoto wa Ipuli anaweza kuicheka leo, kwa sababu kila kizazi kiliirudia na kumwonyesha kinachofuata. Mnyororo huo ukikatika kizazi kimoja tu, mkanda unaweza kulala salama kwenye chumba chenye baridi Ulaya na bado ukawa umekufa Tabora.

Kwa hiyo kuna milango miwili ya kupotelea. Mmoja ni wa ghala, mwingine ni wa kumbukumbu. Filamu nyingi za kwetu zimepita yote miwili.

Sauti iliyokuwa nje ya mkanda

Kuna kitu kingine ambacho hata hifadhi bora haiwezi kukirudisha. Kitengo cha Filamu cha Makoloni kilitengeneza filamu nyingi bila sauti kwa makusudi. Wakati Ulaya inaona filamu bubu kama kitu cha zamani, kwetu bado ilikuwa inatengenezwa mpya. Gari la sinema lilikuja na projekta, jenereta, kipaza sauti na mtafsiri. Mtafsiri ndiye aliyekuwa filamu. Alieleza picha kwa lugha ya pale, akaongeza utani, akamtaja mtu anayejulikana kijijini, akapunguza kile alichoona hakifai.

Mkanda wa filamu ya namna hiyo ukikutwa leo London umebeba nusu ya kazi. Nusu nyingine ilitoka mdomoni mwa mtu na kuishia hewani.

Tusidhani utamaduni huo ulikufa. Waliokulia kwenye vibanda vya video wanamkumbuka Lufufu, sauti yake ikipanda juu ya filamu ya Kichina au ya Kimarekani na kuigeuza kuwa hadithi ya Kiswahili. Watu walilipa kumsikiliza Lufufu, na filamu ilikuwa kisingizio. Kazi hizo zilikaa kwenye kanda za VHS. Kanda ya VHS ni utepe wenye sumaku. Joto, unyevu na ukungu vinaumaliza. Ile filamu ya kigeni aliyoitafsiri utaipata intaneti kwa dakika moja. Tafsiri yake, ambayo ndiyo yetu, ina bahati ikiwa imebaki kwenye kabati la mtu.

Mwisho wa njia

Sasa tuje kwenye matumaini, na hapa Tabora inaingia moja kwa moja.

Mwaka 1978, mafundi waliokuwa wanachimba huko Dawson City, kaskazini kabisa mwa Kanada, walifukua mikanda 533 ya filamu za zamani, nyingi za enzi ya filamu bubu. Ilikuwa imefukiwa kwenye bwawa la kuogelea la zamani. Ilifikaje pale? Dawson ulikuwa mji wa mwisho wa njia. Filamu zilizunguka mji hadi mji, zikafika Dawson zimechoka, na gharama ya kuzirudisha ilikuwa kubwa kuliko thamani yake. Wenye mali wakasema kaeni nazo. Zikakaa.

Mwaka 2008, kwenye makumbusho ya sinema ya Buenos Aires, Argentina, ilipatikana nakala ya Metropolis, filamu bubu ya Kijerumani ya mwaka 1927. Sehemu kubwa yake ilikuwa imekatwa muda mfupi baada ya kuonyeshwa Berlin, na kwa miaka 80 iliaminika kwamba imepotea. Nakala hiyo ilikuwa imehamishiwa kwenye mkanda wa milimita 16, saizi ile ile ya Vugiri.

Unaona mpangilio? Vitu vinavyopotea katikati hubaki pembeni. Makao makuu husafisha maghala, na mwisho wa njia husahau kutupa.

Sisi ni watu wa njia. Tabora ilijengwa na safari: pembe za ndovu, chumvi, nguo, na, tusifiche, watu waliofungwa minyororo. Njia ya kati ya biashara ya utumwa na pembe, yenye vituo vya Bagamoyo, Mamboya, Mpwapwa, Kilimatinde, Kwihara na Ujiji, iko kwenye orodha ya awali ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 2006. Kila kilichoshuka pwani kikielekea ziwani kilipita hapa, kwanza mabegani mwa wapagazi, halafu kwenye mabehewa. Shule za zamani, misheni za zamani, ofisi za reli na za wilaya zina stoo ambazo hazijafunguliwa kwa miaka. Sisemi kuna filamu ya Vugiri imejificha Tabora. Ninasema kwamba kama mkanda wowote wa zamani umebaki nchini, utakuwa mahali pa namna hii, na utakaofungua mlango huo unaweza kuwa mkono wa mwalimu aliyekwenda kutafuta jembe.

Kopo la mkanda ni bati la duara linalofaa sana kuwekea misumari. Tukienda mafunzo ya ualimu kwa vitendo kwenye shule kongwe, tukikuta makopo kama hayo, mambo ni machache: usiuweke mkanda kwenye projekta, usiukunjue kwa nguvu, na kamwe usiuwashie kiberiti kuupima, maana ukiwa naitreti utajuta. Piga picha maandishi ya kwenye kopo, mwambie mkuu wa shule, na watafutwe watu wa Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa.

Na kama hakuna kopo, kuna wazee. Mtoto wa miaka kumi aliyekaa chini uwanjani mwaka 1953 kutazama gari la sinema sasa ana zaidi ya miaka 80. Anaweza kukumbuka filamu ilihusu nini, mtafsiri alisema nini, watu walicheka wapi. Huo ndio ushahidi ambao kitabu cha 1937 hakina na ambao hifadhi ya London haiwezi kuununua. Mpe shikamoo, omba ruhusa, washa simu urekodi, andika jina la kijiji na tarehe. Nusu saa inatosha.

Flashi yako

Mwisho, tusiwacheke watu wa 1937. Filamu za kibongo za miaka ya 2000 zilitoka kwenye VHS, zikahamia VCD na DVD. Leo laptopu mpya nyingi hazina hata mahali pa kuingiza diski. Filamu iliyotazamwa na mamilioni inaweza kuwa imebaki kwenye diski zilizokwaruzika na kwenye nakala ya YouTube iliyokatwa katikati. Na sisi wenyewe, michezo ya kuigiza tunayorekodi kwenye matamasha ya chuo, filamu fupi za mradi wa somo, video za mahafali, ziko wapi? Kwenye flashi moja ya mtu aliyemaliza mwaka jana. Kwenye kundi la WhatsApp ambalo simu ikijaa zinafutwa.

Nakala chache, sauti na picha sehemu tofauti, mwenye mali ameondoka, kitu kimehesabiwa kuwa cha kutumia na kutupa. Ni yale yale manne ya Vugiri, hakuna hata moja lililobadilika.

Watunza kumbukumbu wana kanuni rahisi: nakala tatu, kwenye vyombo vya aina mbili, na moja iwe nje ya hapo ulipo. Serikali yetu ya wanafunzi ina katibu wa michezo, katibu wa afya, katibu wa mikopo anayetupigania boom ikichelewa. Haina mtu ambaye kazi yake iliyoandikwa ni kupokea nakala ya kila kilichorekodiwa chuoni, kuandika ni nini, nani, lini, na kumkabidhi atakayemfuata. Katiba yetu inaruhusu kuongeza nafasi. Hoja hiyo mwanafunzi yeyote anaweza kuipeleka kwenye bunge la wanafunzi muhula huu, kabla wa mwaka wa tatu hawajaondoka na flashi zao.